Mkono wa Tokuji Orihara

Ukitaka kugombana na Bi Hisae Tsukuda, mpelekee mkanda wa zamani na maelezo uliyoyaokota mahali. Atakuuliza nani aliupiga, aliupiga lini, na kabla ya hapo alipiga nini. Ukishindwa kujibu moja kati ya hayo matatu, chukua mkoba wako ukapande treni urudi kwenu. Nimefanya naye kazi miaka kumi na tisa katika ghala letu la filamu kuukuu, pembezoni mwa Tokyo, na nimewaona waongozaji wenye tuzo zao ukutani wakitoka chumbani kwake wamenywea kama waliomwagiwa maji.

Mimi naitwa Segawa, mtunza rafu. Kazi yangu ni makopo: kuyapanga, kuyafungua kila mwaka mara moja, na kuyanusa. Mkanda ukianza kunuka siki ujue unakufa, na ukiuacha pamoja na wenzake utawaambukiza. Kazi ya Bi Hisae ni kilichomo ndani ya makopo. Mtu anatengeneza filamu ya njaa ya baada ya vita, anataka watu kwenye foleni ya viazi, Bi Hisae anamtafutia foleni. Watu wa kwetu wana imani kubwa na picha za zamani. Filamu ya leo ikikosa dakika mbili za picha chakavu zenye mikwaruzo, watazamaji wanatoka wakilalamika kwamba hawakuambiwa ukweli. Sijui imani hii tuliitoa wapi. Mimi kila siku ninaishika mikwaruzo kwa vidole, na sijawahi kuisikia ikila kiapo.

Mwaka juzi alikuja kijana mmoja na picha za askari wanaoagana na familia zao stesheni, akadai ni mwezi wa pili, wanakwenda vitani. Bi Hisae akazitazama mara moja tu.

"Mwezi wa pili, katikati ya baridi, na huo mti nyuma yao umejaa majani?"

"Bibi, nani ataangalia mti?"

"Mimi nimeuangalia. Hao wanaigiza, mwanangu. Nenda kamtafute aliyewavalisha."

Ndivyo alivyo. Baba yake alikuwa kinyozi huko Niigata, naye akaja Tokyo akiwa na miaka ishirini kujifunza kukata mikanda, kazi ya wasichana wenye vidole vyepesi na glavu nyeupe. Hakuolewa. Dada yake humtumia mchele kila vuli, na mchana hula matonge mawili ya wali kwenye ngazi za nje, kwa sababu chakula hakiruhusiwi karibu na filamu, huku akinitania kuhusu kitambi changu. Kampuni aliyoanzia ilikufa zamani, makopo yake yote yakaletwa kwetu, na yeye akayafuata. Nilikuwa nikisema, si kwa utani, kwamba duniani kuna mtu mmoja asiyeweza kudanganya kuhusu filamu.

Mwezi wa kumi mwaka huu wa elfu mbili na kumi na tisa akaja mwongozaji anayeitwa Mayuko Sendo. Ni dada wa miaka thelathini na kitu, mpole, viatu vimeliwa upande mmoja kwa kuzunguka. Miaka miwili alikuwa akitengeneza filamu juu ya Kuzutani, bonde lililofunikwa na maji ya bwawa, ambalo watu wake walihamishiwa mji wa chini. Nilikuwa ndani napanga kadi, nikasikia yote.

"Nautaka ule mkono," Mayuko alisema. "Ule wa kwenye filamu ya mkoa ya mwaka wa sabini na nane. Ninao niliounakili kwenye televisheni, lakini una ukungu. Nataka niufungulie filamu yangu."

Hakuna mtu wa kazi yetu asiyeujua ule mkono. Mkoa ulilipia filamu ya kuonyesha jinsi watu wa bonde walivyolipokea bwawa, na katikati yake yuko mwanamume wa miaka hamsini hivi, uso umejaa picha nzima, nyuma yake ni mbao za ukuta tu. Ananyosha mkono juu. Sauti ya msimulizi inasema kwamba watu wa Kuzutani, mmoja baada ya mwingine, walikubali kwa moyo mkunjufu. Kila anayetengeneza filamu kuhusu mabwawa huuchukua mkono huo.

"Wautakia nini?" Bi Hisae aliuliza.

"Ndio uliomuua mwenyewe," Mayuko akasema. "Alikuwa anaitwa Tokuji Orihara. Kule bondeni hakukuwa na mkutano wa kukubali. Maofisa walipita nyumba kwa nyumba wakati wa baridi, kila mzee wa nyumba akagonga muhuri wake kimyakimya kwenye karatasi ya kukubali, hakuna aliyejua nani ametangulia. Halafu mwezi wa tatu wakaitwa shuleni kuonyeshwa filamu. Wanamwona Tokuji ameinua mkono! Wakaulizana, mkutano huu ulifanyika lini, mbona sisi hatukuitwa? Wakaamua kwamba kulikuwa na kikao cha siri, na yeye ndiye aliyewauza."

"Yeye alisema nini?"

"Alisema ni mkutano wa sherehe za kiangazi. Nani angemsikiliza? Lisemwalo lipo, bibi, na hili halikusemwa tu, lilionekana. Wakamtenga. Unajua mila ya kutenga kijijini: wanakuachia moto na maiti. Nyumba ikiungua watakuja kuzima, ukifa watakuja kukuzika. Mengine yote hushirikishwi. Walihamia mji wa chini wote pamoja, na kutenga wakahama nako. Miaka kumi na miwili. Alipokufa walikuja wote, wakapanga viatu mlangoni, wakafukiza ubani, wakaondoka. Hakuna aliyegusa kikombe cha chai."

Niliinua macho. Bi Hisae alikuwa ameshika ukingo wa meza kwa mikono miwili.

"Kopo hilo halipo," alisema.

"Kwenye orodha yenu lipo."

"Limeshakufa. Siki."

Kopo hilo nililifungua kwa mikono yangu mwezi wa tano. Mkanda ulikuwa mzima, unateleza, hauna harufu hata kidogo. Kunisingizia mimi kwamba nimeacha mkanda ufe! Nilinyamaza kwa sababu ya mgeni tu. Mayuko aliinama, akashukuru, akatoka na huzuni yake.

Nilikwenda rafuni nikarudi na makopo mawili, nikayatua mezani kwake kwa kishindo. Moja lilikuwa filamu yenyewe. La pili lilikuwa jembamba, lenye karatasi imeandikwa kwa wino wa bluu: Kuzutani, mwezi wa nane, mabaki. Kawaida mabaki, yaani vipande vilivyokatwa, hutupwa filamu ikishakabidhiwa. Haya hayakutupwa, na mwandiko niliujua, kwa kuwa huniandikia vijikaratasi vya kunigombeza kila siku ya Mungu.

"Limekufa, eh?" nikamwambia. "Nusa basi."

"Segawa, niache."

"Sikuachi. Miaka kumi na tisa unawatoa watu jasho kwa ajili ya majani ya mti. Leo umemdanganya mtoto wa watu mbele yangu, tena kwa kunichafulia kazi yangu."

Alikaa. Alizungumza akiliangalia kopo.

"Mkataji mkuu alikuwa Mzee Kadota. Filamu inatakiwa Ijumaa, na watu wa mkoa wanataka kuona wanakijiji wanakubali. Hatukuwa na hata mmoja. Wapiga picha walikwenda kiangazi tu, wakapiga mashamba, watoto mtoni, mambo ya sherehe. Akaniambia, Hisae, nitafutie mkono. Mkono wowote. Nikakaa na mikanda yote mpaka nikaupata. Nikakata hapa, nikakata hapa, nikabandika."

"Na ukajua kwamba sio."

"Kila mtu alijua kwamba sio. Ilikuwa ni kujaza pengo, tulifanya kila wiki. Huna mvua ya mwaka huu, unaweka ya mwaka jana." Akafunika mdomo kidogo kwa kiganja. "Nilisifiwa, Segawa. Mzee Kadota alininunulia bakuli la tambi, akasema msichana huyu ana jicho. Nilifurahi wiki nzima. Baadaye nilipoanza kuogopa mkasi unavyoweza kudanganya, nilikuwa naukumbuka mkono ule, lakini nilidhani ni mkono tu. Sikujua una mtu."

"Sasa umejua."

"Nimebakiza miezi mitano nistaafu."

"Na filamu ya yule dada inafunguliwa kwa mkono wako. Unataka amzike mara ya pili?"

Alikwenda kuosha kikombe chake, akakiosha muda mrefu kuliko kikombe kinavyohitaji, akachukua koti akaenda zake. Nilibaki nimekasirika, na chini ya hasira nilikuwa na hofu, kwa sababu sikujua nitafanya nini asubuhi kama atakuja na uongo mwingine. Kumchongea nisingeweza. Kunyamaza pia nisingeweza.

Asubuhi nilimkuta amekwisha kumpigia Mayuko simu. Saa nne tulikuwa watatu kwenye meza ya kutazamia, ile ya zamani ya kuzungusha kwa mkono. Bi Hisae alivaa glavu nyeupe. Kwanza akapitisha filamu ya mkoa mpaka kwenye mkono. Kisha akatia mabaki, akaeleza kwa sauti kavu kwamba kipande kinaanza pale alipokata yeye.

Tokuji Orihara amenyosha mkono, lakini sasa kamera inarudi nyuma. Wanaume zaidi ya ishirini wamekaa kwenye mikeka ya ukumbi wa hekalu, wamevaa fulana za ndani, wanajipepea kwa mapepeo ya karatasi. Wote wameinua mikono. Mzee mmoja ameinua miwili, kikombe kimoja kila mkono, na wenzake wanamcheka. Kando kuna ngoma kubwa inayofungwa ngozi mpya. Ukutani kuna karatasi yenye herufi za brashi, na Bi Hisae akausimamisha mkanda ili tusome: ngoma ya kuwakaribisha wafu, siku moja au mbili? Kila kiangazi kwetu roho za wafu hurudi nyumbani, na hawa walikuwa wanapiga kura ya kuwachezea siku mbili. Habari za bwawa zilikuwa zimeshaenea, huenda hii ilikuwa mara yao ya mwisho kuwakaribisha wafu wao kule bondeni, na walitaka wakae nao zaidi.

Mayuko alizungusha mwenyewe, mbele na nyuma, mara nne.

"Na hawa wenzake? Wote walikuwapo. Mbona hawakusema?"

"Niliwakata," Bi Hisae alisema. "Shuleni waliona uso na mbao. Na nani anakumbuka, baada ya miezi saba, kwamba fulani alinyosha mkono kwa ajili ya ngoma?"

"Jana uliniambia limekufa."

"Nilikudanganya."

"Bibi, mimi nilikuwa nakuogopa kuliko ninavyomwogopa mama yangu mzazi," Mayuko akasema, na machozi yakamtoka kwa hasira. "Nimezunguka miaka miwili nikimwita mtu huyu msaliti. Nimewahoji wazee saba, wote nimewauliza, mlijisikiaje mlipomwona msaliti wenu? Nimewatilia maneno mdomoni! Na mkewe yu hai. Ana miaka tisini. Alikataa kuongea nami."

"Mpigie," Bi Hisae alisema. "Mwambie kuna mtu anataka kumwomba radhi."

Tulikwenda Jumamosi. Bi Hisae alinunua sanduku la keki za maharage matamu, zile nzito za kwenda kuombea msamaha, akalifunga kwa kitambaa cha zambarau. Ndani ya treni alilipakata njiani kote na hakunitania hata mara moja. Mimi nilibeba kompyuta, Mayuko kamera yake.

Bi Kinu Orihara anaishi katika nyumba ya wazee kule mji wa chini, chumba chenye dirisha linalotazama maegesho ya magari. Ni mdogo wa mwili, kwenye kiti cha magurudumu, na macho yake hayajazeeka. Juu ya kabati kulikuwa na picha ya mumewe, kikombe cha maji na ua moja.

"Kama ni ule mkono, nimeshauona," alisema hata kabla hatujakaa. "Niliuona shuleni. Nimeuona kwenye televisheni mara tatu. Mnachoka lini, nyie watu?"

"Mama, kuna sehemu hujaiona," Mayuko alisema.

Niliifungua kompyuta mapajani pake. Mkono ukapanda. Bi Kinu akageuza uso, kama mtu anayejua kofi linatoka upande gani. Kamera ikarudi nyuma, naye akasikia kwamba hatusemi kitu, akatazama.

"Huyo Gensaku," alisema polepole. "Huyo mwenye vikombe ni shemeji yangu, mlevi yule. Huyo ni... wote wameinua?"

"Wote, mama. Soma ukutani."

Alisoma, midomo ikitembea.

Bi Hisae alipiga magoti sakafuni, akainamisha kichwa mpaka paji la uso likagusa. "Ni mimi niliyekata," alisema. "Nilimwacha mumeo peke yake, wengine nikawaondoa. Sikuwa na haki. Nisamehe, ijapokuwa jambo hili halisameheki."

Bi Kinu alimtazama mgongo.

"Ulikuwa na miaka mingapi?"

"Ishirini na miwili."

"Ulikuwa unamjua?"

"Hapana."

"Hata jina?"

"Hata jina, mama."

"Inuka. Unanizibia."

Bi Hisae hakuwa anamzibia kitu, kompyuta ilikuwa mapajani. Lakini aliinuka, akasogea ukutani, sanduku bado mikononi. Bi Kinu akaniambia nirudishe nyuma. Nikarudisha. Tena. Mara ya tatu akaweka kidole kwenye kioo, pale mumewe anapogeuka kumcheka shemeji mlevi.

"Sikumbuki kumwona akicheka hivi huku mji wa chini," alisema. "Aliniapia kwa kaburi la mama yake. Kinu, ilikuwa ngoma, tulikuwa tunapiga kura ya ngoma. Nikamwambia, baba, mimi nina macho. Wanawake hatukuingia mikutanoni, ningejuaje? Nilijua nilichokiona. Watu walimwachia moto na maiti, sivyo wanavyosema? Mimi nilimwachia wali na nguo safi. Miaka kumi na miwili nilimpakulia, nikatoka, nikala jikoni. Siku anakufa aliniambia, sema tu kwamba unaniamini, hata kama huniamini. Nikamwambia, pumzika, umechoka."

Mayuko alikuwa amewasha kamera tangu mwanzo, kwa ruhusa, na sasa nikaona mkono wake unakwenda kuizima.

"Iache," Bi Kinu alisema. Kisha akamgeukia Bi Hisae. "Na hizo keki usinipe mimi. Si mimi uliyemkosea."

Bi Hisae akaliweka sanduku mbele ya picha, akainama pale pia. Nilidhani yamekwisha. Bi Kinu akaninyoshea mkono akaniambia nimshushe chini. Muuguzi aliyekuwa mlangoni akaja mbio, bibi, magoti yako, daktari amekataza.

"Mwanangu, magoti ni yangu."

Tulimshusha, mimi na muuguzi. Alikuwa mwepesi mno. Akakaa juu ya visigino vyake bega kwa bega na Bi Hisae, akainua uso kwenye picha, akaita, "Tokuji." Alifungua mdomo aendelee, na hakikutoka kitu. Akajaribu tena. Mwishowe akainama tu, akaegemeza paji la uso sakafuni. Bi Hisae alitaka kumshika, akaogopa kumgusa.

"Wewe dada wa filamu," Bi Kinu alisema, uso ukiwa bado chini. "Kwenye filamu yako, ukiwataja waliomkosea Tokuji, usimtaje huyu mama peke yake."